Je, Wajua? James Bond wa Kwanza Sinemani Hakuwa Sean Connery

Muulize shabiki yeyote wa sinema nani alikuwa James Bond wa kwanza, atakujibu bila kupepesa macho: Sean Connery. Amekosa kwa sekunde chache. Filamu ya Dr. No ilipozinduliwa London, Oktoba 1962, mtu wa kwanza kutokea akiwa Bond alikuwa Bob Simmons, Mwingereza ambaye kazi yake ilikuwa kuanguka, kupigwa na kurushwa huku na huku badala ya stelingi.

Picha yenyewe unaijua. Duara jeupe linatembea gizani, linatulia, na ndani yake anapita mwanamume mwenye kofia. Ghafla anageuka, anafyatua risasi, na wekundu wa damu unashuka kama pazia. Wengi hudhani lile duara ni lenzi ya kamera. Ni mtutu wa bunduki: tunamwona Bond kwa jicho la adui anayemlenga.

Aliyeibuni picha hiyo ni Maurice Binder, msanifu wa michoro ya mwanzo wa filamu. Aliichora haraka haraka kabla ya kikao na watayarishaji, akitumia vibandiko vyeupe vya bei, vile vya dukani, kuonyesha risasi zinavyopita kwenye skrini. Kisha akataka kupiga picha kupitia mtutu wa kweli, lakini lenzi ya kawaida ikashindwa kuonyesha kuta zake za ndani bila ukungu. Dawa ikawa kamera ya tundu dogo kama la sindano. Aliyesimama upande wa pili alikuwa Simmons. Mtu mdogo vile, uso chini ya ukingo wa kofia, nani angemtambua?

Simmons alizaliwa Fulham, London, mwaka 1922, na jeshini alikuwa mkufunzi wa mazoezi ya viungo. Alitaka kuwa mwigizaji, kisha akaona kwenye michezo ya hatari kuna pesa zaidi na raha zaidi. Mtayarishaji Albert Broccoli alimfahamu tangu filamu ya The Red Beret ya 1953, kwa hiyo Bond alipokuja, Simmons hakuwa mgeni.

Na hakuitwa kwa ajili ya kofia tu. Katika Dr. No kuna buibui mkubwa mwenye manyoya, tarantula, anayempanda Bond kitandani. Connery aliwaogopa buibui, kwa hiyo kwanza waliweka kioo kati yake na mdudu. Haikuonekana kweli. Ndipo Simmons akalala, buibui akatembea juu ya ngozi yake. Baadaye alisema hakuwahi kufanya kitu cha kutisha kama hicho, naye alikuwa mtu wa kujirusha kwa mshahara!

Lakini mimi filamu ninayompendea Simmons ni Thunderball, ya Bond ya 1965. Inaanza na jeneza lenye herufi JB, unashtuka ukidhani ni la James Bond. Kumbe ni la Jacques Bouvar, jasusi adui, ambaye hajafa. Amejificha ndani ya gauni jeusi na shela la mjane wake. Bond anamgundua kwa sababu "mjane" anajifungulia mwenyewe mlango wa gari. Anamkuta nyumbani, anamtwanga ngumi, shela linavuka, na uso unaobaki ni wa Simmons. Wanavunja samani chumba kizima, hadi Bond anamnyonga kwa chuma cha kuchochea moto. Mpangaji wa mapigano ya filamu hiyo alikuwa Simmons huyohuyo. Yaani Bond wa kwanza alijipangia mwenyewe namna ya kuuawa na Bond, tena akiwa amevaa gauni.

Ile picha ya mtutu ilitumika tena katika filamu mbili za Bond zilizofuata, From Russia with Love na Goldfinger. Thunderball ikapigwa kwa ajili ya skrini pana zaidi, ikabidi irudiwe, na safari hii Connery akaingia mwenyewe. Ukitaka kuwatofautisha, tazama miguu: anayeruka kidogo kabla ya kufyatua ni Simmons, anayekunja goti na kuyumba ni Connery.