Jina la tatu si lazima liwe la ukoo

Wengi hapa Dodoma huamini jina la tatu la mtu ni la ukoo. Mara nyingi ni la babu tu. Daudi Yohana Mazengo ni Daudi, mwana wa Yohana, mjukuu wa Mazengo. Binti yake akiandikishwa kwa mtindo huohuo atakuwa Neema Daudi Yohana, na Mazengo limeshatoka. Hata Nyerere lilikuwa jina la baba yake Mwalimu, Chifu Nyerere Burito.

Tabu huanza mtoto mmoja anapoandikiwa jina la babu, na mdogo wake la baba wa babu. Ndugu wa tumbo moja, vyeti havifanani! Kabla ya kujaza fomu ya RITA, wakala wa serikali unaosajili vizazi, wazazi chagueni mtindo mmoja kwa watoto wote, na tahajia moja: Yohana au Yohane.