Je, wajua kwa nini kumjua mtu hakutoshi kuthibitisha kwamba ulimwona?

Mtu akiuawa ndani ya nyumba, iwe Unguja au Pemba, aghalabu shahidi mkuu huwa ni wa nyumba hiyohiyo: mkwe, wifi, au mtoto wa ndugu aliyekuwa amelala ukumbini. Wengi hujiuliza shahidi wa namna hiyo atakosea vipi, ikiwa anayemtaja ni mtu aliyekula naye sahani moja miaka nenda miaka rudi. Hata hivyo, shauri linapofika Mahakama ya Rufani ya Tanzania, ambayo husikiliza pia rufaa za jinai kutoka Mahakama Kuu ya Zanzibar, mara nyingi majaji huuliza habari za taa kabla ya habari za udugu.

Katika hukumu ya mwaka 1980 ambayo mawakili wa jinai hawachoki kuitaja, mahakama hiyo ilisema kwamba ushahidi wa kumtambua mtu kwa macho ni dhaifu mno, na kwamba usitegemewe mpaka uwezekano wote wa kumfananisha mtu uwe umeondolewa. Ndiyo maana huulizwa shahidi alimtazama mshtakiwa kwa muda gani, kwa umbali gani, kwa mwanga gani, na kama alikuwa akimjua kabla. Kumjua kunasaidia sana, lakini ni jambo moja tu kati ya hayo, na mahakama ya Uingereza ilikwishaonya mwaka 1976 kwamba watu hukosea hata katika kuwatambua jamaa na marafiki wa karibu.

Tuchukue mfano wa bibi aliyelala ukumbini, koroboi ikiwaka uani. Anasikia ukelele, anainua pazia, anaona mgongo wa mwanamume aliyevaa kikoi ukipotelea mlango wa nyuma. Katika nyumba ile mwanamume ni mmoja, basi jina linamjia kabla hajaiona sura. Bibi huyu hasemi uongo hata kidogo, na hapo ndipo penye hatari, kwa sababu maswali ya wakili humyumbisha mwongo, ilhali aliyekosea kwa nia safi hatetereki. Kusema tu kwamba "taa ilikuwapo" hakutoshi. Waliokaa Unguja katika ile miezi mitatu hivi bila umeme wa gridi, kuanzia Desemba 2009, hawahitaji kufundishwa tofauti ya koroboi na karabai.

Jambo la pili ni wakati wa kutaja jina. Shahidi aliyemtaja mtuhumiwa mapema, kwa mfano mbele ya sheha, kiongozi wa serikali wa mtaa huko Zanzibar, usiku uleule, huaminika zaidi kuliko aliyekaa kimya siku tatu ndipo akaenda polisi. Kanuni hii ina mantiki, ila kwa maoni yangu inahitaji uangalifu mkubwa katika nyumba zetu. Mama anayetakiwa kumtaja mwanawe huona muhali. Hunyamaza kwa kuwa anajua, si kwa kuwa hajui. Kimya hichohicho kinaweza pia kuwa cha mtu aliyengojea wazee wa ukoo wakubaliane nani abebeshwe lawama. Kwa hiyo shahidi aliyechelewa hutakiwa aeleze kwa nini alichelewa, na maelezo yake hupimwa pamoja na ushahidi mwingine.

Rufaa ya kwanza huhesabiwa kuwa ni kusikilizwa upya kwa ushahidi, lakini majaji wa rufani kwa kawaida hawamwoni bibi yule; wanasoma mwenendo wa shauri, yaani yaliyoandikwa wakati kesi ikisikilizwa. Haiba yake alipokuwa akijibu aliiona jaji wa Mahakama Kuu peke yake, kwa hiyo wao hutazama kama maneno yake yanashikana, na kama yanaafikiana na ya sheha na ya daktari. Tena kwa miaka mingi mashahidi wametoa ushahidi kwa Kiswahili nao ukaandikwa kwa Kiingereza. "Nilimwona akitoka" ni maneno ya aliyeshuhudia mtu akivuka mlango. "Nilimwona ametoka" yanaweza kuwa ya aliyemkuta yuko nje tayari. Tafsiri ya haraka huweza kuyafanya yote mawili kuwa sentensi moja, na wakili wa mrufani akiligundua hilo, huanza nalo.