Uso wa Msikilizaji Una Dakika Yake

Wiki hii nimeambiwa tena: "Simamisha kamera mbele ya jukwaa, waache waongee. Si kazi yako ni kutazama tu?" Aliyesema ni mwandaaji wa kongamano, msomi kabisa, akitaka nipunguze bei ya dokumentari ya kutazama ninayotengeneza. Hapana. Hiyo ni kumbukumbu ya mkutano, na mahali pake ni maktaba.

Dokumentari ya kutazama haina msimulizi, mahojiano wala muziki wa kupachika. Sauti naichukua kwenye mikisa, mashine inayochanganya sauti za maiki za jukwaani, na maiki ya pili naitega katikati ya viti, maana minong'ono haifiki jukwaani. Hayo yanafundishika kwa siku moja.

Kinachoniumiza ni uso wa msikilizaji. Ukumbi wa Nkrumah pale Mlimani, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, uliopokea Mkutano wa Sita wa Umajumui wa Afrika mwaka 1974, niliwahi kumkazia kamera mzee wa safu ya tatu. Msemaji anatetea ubinafsishaji. Mzee anafunika kalamu, anaifunua, anaandika neno moja, analipigia mstari mara mbili. Hajanyoosha mkono, lakini tayari unalisubiri swali lake. Enzi za filamu ya 16 mm, roli ya futi 400 iliisha kwa dakika 11 hivi, kwa hiyo mpiga picha alilazimika kuchagua wa kumtazama. Kadi za leo zinameza siku nzima, na wengi wameacha kuchagua.

Kisha unakaa kuhariri. Hotuba ya dakika 40 inatakiwa ibaki 3, na kila mkato, pale vipande viwili vinapoungwa, unatafuta uso wa kuufunika. Hapo ndipo uongo unapoingia. Mtu aliafiki kwa kichwa tangazo la chai saa nne. Ukimpachika chini ya sentensi ya saa sita kuhusu ardhi, umempa msimamo asiokuwa nao, tena mbele ya wenzake. Nimewahi kufanya hivyo, na bado kunanisumbua.

Siku hizi kila uso naandika saa yake, na simwazimi msikilizaji kwa msemaji mwingine. Je, kuuhamisha uso kwa dakika kumi ndani ya hotuba ileile kunaruhusiwa? Nimeruhusu, kwa shingo upande, kwa sababu hata uso uliotulia ukiuhamisha unaanza kusema jambo.

Filamu ya ukumbi wa Nkrumah ina mikato mitatu iliyo wazi, isiyofunikwa na uso, inayoruka machoni. Nimeiacha hivyo. Mzee na kalamu yake wako chini ya maneno yaleyale waliyoyasikia.