Rugambwa hakuwa Askofu Mkuu alipofanywa Kardinali

Wengi wetu husimulia kwamba Laurean Rugambwa alifanywa Kardinali kwa sababu alikuwa Askofu Mkuu wa Dar es Salaam. Mpangilio huo umegeuzwa juu chini. Papa Yohane XXIII alipomtangaza mwaka 1960, na kumfanya Mwafrika mweusi wa kwanza kuwa Kardinali katika zama hizi, Rugambwa alikuwa askofu wa Rutabo, jimbo la vijijini huko Kagera, lililozungukwa na migomba na lisilo na jiji lolote. Miezi michache baadaye jimbo hilo likawa Jimbo la Bukoba, naye akaendelea kuliongoza; Dar es Salaam alihamishiwa mwaka 1968, akiwa ameshavaa kofia nyekundu kwa miaka minane.

Chanzo cha kosa, nadhani, ni kudhani kwamba ukardinali ni daraja la juu ya uaskofu mkuu, kama cheo cha jeshini. Daraja Takatifu ni tatu tu: ushemasi, upadre (wake aliupata 1943) na uaskofu, ambao aliupokea mwaka 1952. Kardinali huteuliwa na Papa kwa hiari yake, awe mshauri wake na, kiti cha Papa kikiwa wazi, mpiga kura wa kumchagua Papa mpya. Rugambwa alipiga kura mwaka 1963, kisha mara mbili mwaka 1978.

Wala hakuwa askofu wa kwanza mweusi wa Afrika Mashariki, kwani Joseph Kiwanuka wa Masaka, Uganda, alitangulia mwaka 1939.