Kiwango cha ushahidi katika kesi za jinai za uchaguzi

Mwaka 2017 Mahakama ya Juu ya Kenya ilifuta uchaguzi wa urais, lakini haikumpata Rais Uhuru Kenyatta na kosa lolote yeye binafsi. Wengi walichanganyikiwa: kama uchaguzi uliharibika, mbona hakuna aliyeuharibu?

Swali kuu mbele ya mahakama lilikuwa hili: je, uchaguzi uliendeshwa kwa mujibu wa Katiba na sheria? Kesi ya jinai huuliza jingine kabisa: je, huyu aliyesimama kizimbani alitenda kosa hili, na alikusudia? Swali la kwanza laweza kujibiwa kwa fomu za matokeo na jinsi zilivyopeperushwa. La pili linamtaka mtu, kitendo na nia, vyote pamoja.

Kiwango cha ushahidi ni kiasi cha uthibitisho ambacho hakimu anapaswa kukipata kabla ya kukubali kwamba jambo lilitokea. Kesi za madai ya kawaida huamuliwa kwa kuangalia upande upi una uwezekano mkubwa wa kuwa kweli. Kesi ya kupinga uchaguzi iko juu kidogo ya hapo, kama Mahakama ya Juu ilivyoeleza mwaka 2013, isipokuwa pale madai yenyewe yanapokuwa ya jinai. Hapo ni lazima yathibitishwe pasipo shaka ya msingi. Shaka inayozungumziwa hapa ni ile ambayo mtu mwenye busara angeipata baada ya kuupima ushahidi wote; wasiwasi wa kubuni hauhesabiwi.

Chukua hongo, ambayo chini ya Sheria ya Makosa ya Uchaguzi ya 2016 inaweza kumletea mtu kifungo. Mgombea ameonekana sokoni akigawa noti za shilingi 200. Upande wa mashtaka lazima uonyeshe kwamba ni yeye aliyetoa, au alimtuma anayetoa. Kwamba aliyepokea ni mpiga kura. Na kwamba pesa zilitolewa ili kura ielekezwe mahali fulani. Hapo kwenye nia ndipo kesi nyingi huvunjika mgongo. Wakili wa utetezi atasema ilikuwa nauli ya mawakala, au mchango wa harambee. Kazi ya kuthibitisha ni ya mashtaka. Mshtakiwa anaweza kunyamaza tangu mwanzo hadi mwisho.

Na nani atatoa ushahidi? Aliyezipokea noti naye ametenda kosa, kwa hiyo mahakama humsikiliza kwa tahadhari na kutafuta ushahidi mwingine wa kumuunga mkono. “Niliambiwa na jirani” haisaidii kitu. Video iliyozunguka kwenye WhatsApp nayo haitoshi kwa sababu tu kila mtu kijijini ameiona: Sheria ya Ushahidi inadai cheti kuhusu chombo kilichoitoa na jinsi ilivyotayarishwa. Kwa maoni yangu, hapa ndipo polisi hupoteza kesi kizembe, maana cheti hicho si kazi ngumu.

Jaji wa kesi ya uchaguzi akiona hongo ilitolewa, hamfungi mtu. Matokeo ya uchunguzi wake hupelekwa kwa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, naye huamua kama atafungua mashtaka. Akiyafungua, mashahidi huitwa upya na kuhojiwa upya, mara nyingi muda mrefu baada ya kura, wakati noti zimeshatumika na baadhi ya mashahidi wameshapatana na mgombea.

Shoka hilo hukata hata kwa walalamishi. Mwaka 2022 Mahakama ya Juu ilibaini kwamba baadhi ya vielelezo vya kielektroniki vilivyoambatishwa kwenye hati za kiapo vilikuwa vya kughushi. Kuapa uongo ni kosa la jinai, na atakayeshtakiwa kwa hilo naye atahukumiwa tu ikiwa mashtaka yatathibitishwa pasipo shaka ya msingi.