Shauri likipitwa na matukio, nani ameshindwa?

Tuchukue mfano wa wakulima wa viazi wa Uyole wanaofungua shauri Mahakama Kuu, Mbeya, kupinga tangazo la halmashauri la kutoza ushuru mpya kwa kila gunia. Kabla ya siku ya kusikilizwa, tangazo linafutwa. Jaji anawauliza mawakili kama kuna kilichobaki cha kuamua, kisha analiondoa shauri kwa kuwa "limepitwa na wakati", yaani jambo lililobishaniwa halipo tena, na jioni sokoni watu wanaambiana kwamba wakulima wameshindwa.

Dhana: Shauri likiondolewa, aliyelifungua ameshindwa.

Kushindwa ni hoja zako kusikilizwa, zikapimwa, kisha zikakataliwa. Hapa hakuna hoja iliyopimwa, kwa sababu mahakama haiwezi kuzuia tangazo ambalo halipo tena. Wakulima wamepata walichokitaka, ingawa hawana hukumu mkononi. Vivyo hivyo kwa ndugu anayeomba mtu wake aliyeshikiliwa afikishwe mahakamani: akiachiwa mapema, ombi hilo halina tena la kutekeleza.

Dhana: Kupitwa na wakati ni kuchelewa kufungua.

Mkanganyiko huu unaniumiza kuliko mwingine wote, kwa kuwa humfanya mtu aliyewahi masijala siku ya kwanza aonekane mzembe. Shauri lililofunguliwa nje ya muda hutupwa chini ya Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, na kosa ni la aliyelileta. Lililopitwa na matukio lilifunguliwa kwa wakati. Kilichobadilika ni mambo yenyewe, mara nyingi kwa hatua ya upande wa pili. Ndiyo maana napendelea kusema "limepitwa na matukio".

Dhana: Kinacholalamikiwa kikifutwa, kesi yote imekwisha.

Inategemea nafuu zilizoombwa, yaani yale ambayo mahakama iliombwa iamuru. Kama wakulima walikwisha kulipa ushuru huo na waliomba warudishiwe, dai la fedha bado ni hai. Zipo pia nchi ambazo mahakama huendelea kusikiliza jambo linaloelekea kujirudia: mwaka 1973 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua shauri la Roe, mwanamke mjamzito aliyepinga sheria ya kukataza kutoa mimba, ingawa ujauzito ulikuwa umekwisha, kwani hakuna ujauzito unaosubiri rufaa. Mwaka uliofuata mahakama hiyo hiyo ilikataa kuamua shauri la DeFunis, mwanafunzi wa sheria aliyelalamikia kunyimwa nafasi chuoni, kwa kuwa tayari alikuwa katika muhula wake wa mwisho chuoni humo.

Dhana: Shauri likishaondolewa, huwezi kulifungua tena.

Soma mstari wa mwisho wa amri. "Limeondolewa" kwa kawaida huacha mlango wazi; "limetupiliwa mbali" mara nyingi huufunga. Na kama ni shauri la madai unaloliondoa mwenyewe, omba kibali cha kulifungua tena papo hapo, mbele ya jaji, kabla amri haijaandikwa, kwa sababu Amri ya 23 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai humzuia asiye na kibali hicho kulifungua upya.