Adui Hapigwi kwa Sababu Hajui

Wiki hii mwanafunzi mwingine amekataa nafasi ya adui katika pambano la filamu ninaloliandaa, akidai kwamba nafasi hiyo hupewa asiyejua kupigana. Kauli hiyo nimeisikia mara nyingi mno, na safari hii sikubali ipite bila jibu.

Teke la sinema halifiki. Hupita mbele ya uso kwa umbali wa shubiri hivi, na kamera ikiwekwa upande unaofaa huuficha mwanya huo. Kinachomfanya mtazamaji aamini kwamba limefika ni shingo ya anayepigwa, ambayo lazima igeukie kule kule mguu unakoelekea, na kwa wakati ule ule unapopita. Akiwahi, anaonekana alijua. Akichelewa, steringi anaonekana amepiga hewa. Kisha aanguke kwa bega, kisogo kisiguse chini, na arudie hivyo mpaka mwongozaji aridhike. Anayepiga ana kazi ndogo zaidi, nami ninasema hivyo baada ya kusimama pande zote mbili.

Mtazameni mwigizaji Yuen Wah. Alilelewa katika shule ya opera ya Kichina, sanaa yenye sarakasi na mapigano ndani yake, chini ya mwalimu Yu Jim-yuen huko Hong Kong, pamoja na Jackie Chan, Sammo Hung na Yuen Biao. Katika Enter the Dragon ya mwaka 1973, ile sarakasi ya kupinduka nyuma ambayo wengi hadi leo wanamsifia Bruce Lee ilifanywa na yeye. Katika Dragons Forever ya mwaka 1988, wenzake hao watatu ndio masteringi, naye ni bosi wa wahalifu mwenye sigara nene mdomoni. Wote walitoka mikononi mwa mwalimu mmoja. Nani atasema huyu ndiye asiyejua? Tuzo ya Filamu ya Hong Kong ya mwigizaji msaidizi bora aliipata mwaka 2005, kwa nafasi ya mwenye nyumba katika Kung Fu Hustle.

Lipo jambo linalonitia shaka. Anayeanguka vizuri huitwa tena na tena aje aanguke, kwa kuwa wa kumfanana ni wachache, hivyo huenda ustadi wenyewe ndio unaomfungia mlango wa usteringi. Ninapomfundisha kijana kuanguka, je, ninampa riziki au ninamwekea mpaka?

Kesho asubuhi nitamwomba mwanafunzi wangu asimame upande wa adui kwa zoezi moja tu, na mguu utakaopita mbele ya uso wake utakuwa wangu.